Nguo Zilizonunua Kisiwa: Mipaka ya Ngano, Kisakale na Tarihi katika Masimulizi ya Kuasisiwa kwa Kilwa

1.0 Utangulizi

Katika masimulizi ya kale ya Kilwa Kisiwani kuna tukio moja linalojirudia: mgeni aliyefika kwa jahazi anakipata kisiwa kutoka kwa mwenyeji wake kwa malipo ya nguo. Tukio hilo limo katika kitabu cha Mreno João de Barros kilichochapishwa mwaka 1552. Limo pia katika maandishi ya Kiarabu ya karne ya 16 yanayojulikana kama Kitab al-Sulwa, na katika masimulizi ya Kiswahili yaliyochapishwa na Mjerumani Carl Velten mwaka 1907. Wanahistoria wengi wa kipindi cha ukoloni walilipokea kuwa historia. Kwa vigezo vya wataalamu wa fasihi simulizi, linaangukia katika visakale. Naye msomaji anayekumbuka jinsi Dido, malkia wa Carthage, alivyopata ardhi ya kujenga mji wake kwa ngozi ya ng'ombe iliyokatwa vipande vyembamba, ana sababu ya kuliona kuwa ngano tupu, kwa kuwa hila ya kununua nchi kwa kitu kidogo kinachonyooshwa husimuliwa katika nchi nyingi.

Swali linalozuka ni hili: tukio moja linawezaje kuwa ngano, kisakale na tarihi kwa wakati mmoja? Makala haya yanajibu kwamba kinachozitenga aina za hadithi ni dhamana ya ukweli inayoambatana nazo kuliko matukio yaliyomo ndani yake. Kwa dhamana ya ukweli inakusudiwa nani anayesimama nyuma ya maneno yanayosimuliwa, mbele ya hadhira ipi, na kwa ajili ya uamuzi gani. Suala hili lina uzito kwa sababu masimulizi ya Kilwa yametumiwa kuamua mambo makubwa: nani alikuwa mwenye kisiwa, nani alikuwa mgeni, na Waswahili ni watu wa asili gani. Atakayekosea kutambua aina ya simulizi hukosea pia katika kuamua mambo hayo.

2.0 Majina ya Hadithi na Dhamana ya Ukweli

Kiswahili kina majina mengi ya masimulizi, na majina hayo hayakutungwa na wanazuoni. Ngano, hekaya, kisa, hadithi, habari na tarihi yalitumika pwani kabla ya kuwapo idara ya chuo kikuu ya kuyaainisha. Ukiyatazama kwa makini, kila jina linadokeza uhusiano fulani kati ya msimulizi, msikilizaji na ukweli.

Ngano huanza kwa ruhusa. Msimulizi husema "Paukwa!" na hadhira hujibu "Pakawa!", bila jibu hilo hadithi haianzi. Katika baadhi ya miito ya pwani, msimulizi huialika hadithi pamoja na uongo wake ili utamu ukolee. Mwito huo ni makubaliano ya wazi. Hadhira inakubali kwamba kwa muda wa usiku mmoja sungura atasema na jini atajenga jumba, na hakuna atakayemdai bibi ushahidi asubuhi. Kwa hiyo uongo wa ngano si udanganyifu, kwa kuwa umetangazwa mlangoni kabla ya mtu kuingia.

Neno hadithi lenyewe limebeba ncha mbili za suala hili. Katika elimu ya dini ya Kiislamu, hadithi ni taarifa ya maneno au matendo ya Mtume, na uzito wake hutegemea isnadi, yaani mlolongo wa wapokezi waliopokezana taarifa hiyo mmoja baada ya mwingine. Mpokezi akiwa dhaifu, taarifa nzima hudhoofika. Katika mazungumzo ya kila siku, neno hilohilo lina maana ya masimulizi ya burudani yasiyodai mpokezi yeyote. Mswahili anayetumia neno moja kwa mambo haya mawili hachanganyikiwi, kwa sababu muktadha humwonyesha dhamana inayohitajika. Anayesikiliza darasa msikitini hutaka kujua taarifa imepokewa kutoka kwa nani, ilhali anayesikiliza ukumbini usiku hungoja tu kujua mambo yaliishaje.

Kati ya ncha hizo mbili kuna majina mengine. Kisa husimulia tukio lenye funzo au chanzo cha jambo, na jina hilo hutumika kwa visa vya mitume sawa na visa vya watu wa kawaida. Hekaya huelekea kwenye ujanja na maajabu, kama zile za Abunuwasi. Habari ni neno la taarifa, na ndilo lililotumiwa na waandishi wa pwani kwa maandishi kuhusu miji na watawala wake. Maandishi ya Shaibu Faraji bin Hamed al-Bakariy kuhusu Lamu, yaliyohaririwa na William Hichens mwaka 1938, hujulikana kama Khabari al-Lamu. Tarihi huongeza sharti moja juu ya habari, nalo ni mpangilio wa nyakati: watawala kwa zamu zao, na pengine miaka ya kutawala kwao.

Majina hayo, yakipangwa kwa kigezo cha dhamana, hufanya ngazi. Chini ipo ngano, ambayo msimulizi wake hadaiwi chochote isipokuwa utamu. Juu ipo taarifa yenye isnadi, ambayo mpokezi wake huhojiwa kwa jina. Masimulizi mengi ya miji ya pwani yamesimama katikati ya ngazi hiyo, na hapo ndipo mgogoro wa uainishaji huanzia.

3.0 Uainishaji wa Wataalamu na Mapungufu Yake

Wakusanyaji wa karne ya 19 hawakuijali ngazi hiyo sana. Edward Steere, mmisionari wa Kiingereza aliyefanya kazi Unguja, alichapisha mkusanyiko wake wa hadithi za Kiswahili mwaka 1870. Ndani ya jalada moja aliweka hadithi za wanyama na za masultani pamoja na masimulizi ya Liongo, shujaa na mshairi ambaye watu wa pwani ya kaskazini humhesabu kuwa mtu aliyeishi, na ambaye kaburi lake huonyeshwa karibu na Kipini. Lengo kuu la Steere lilikuwa lugha: alitaka matini za kujifunzia Kiswahili. Hata hivyo, athari ya kuziweka pamoja ilikuwa kubwa. Masimulizi yaliyokuwa na wadhamini tofauti yalipata mdhamini mmoja, yaani kitabu, na kwa msomaji wa Ulaya yote yakawa hadithi za wenyeji.

Karne ya 20 ilileta juhudi za kutenganisha. William Bascom, mwanaanthropolojia wa Marekani, alipendekeza mwaka 1965 kwamba masimulizi ya nathari yagawanywe katika makundi matatu: visasili, visakale na ngano. Vigezo vyake vikuu vilikuwa imani ya jamii kuhusu simulizi, wakati na mahali pa matukio, mtazamo wa jamii kama simulizi ni takatifu au la, na aina ya wahusika. Faida ya mgawanyo huo ni kwamba uliuweka mbele msimamo wa wasimuliaji wenyewe: ngano haiaminiwi kuwa kweli hata na anayeisimulia, ilhali kisasili na kisakale huaminiwa.

Katika fasihi ya Kiswahili, makala ya M. M. Mulokozi kuhusu tanzu za fasihi simulizi, yaliyotoka katika jarida la Mulika mwaka 1989, ndiyo yaliyoathiri ufundishaji zaidi. Mulokozi alitumia vigezo viwili: umbile na tabia ya kazi, pamoja na muktadha na namna ya uwasilishaji wake. Katika masimulizi, alitenga hadithi za kubuni na salua, yaani masimulizi yanayohusu historia, na ndani ya salua akaviweka visakale, mapisi, tarihi na kumbukumbu. Kwa mujibu wa mgawanyo huo, kisakale huchanganya historia na ubunifu, mapisi hudai ukweli mtupu, na tarihi huambatana na tarehe.

Mgawanyo huu una nguvu, lakini una pengo moja linaloonekana waziwazi kwenye mfano wa Kilwa. Unadhani kwamba simulizi ina aina moja inayodumu nayo. Masimulizi ya Kilwa hayakudumu katika aina moja. Yalisafiri kutoka kwa msimulizi mmoja hadi mwingine na kutoka lugha moja hadi nyingine, na katika kila kituo yalipata mdhamini mpya na kazi mpya. Kwa hiyo inafaa kuzitazama matini tatu kwa zamu.

4.0 Matini Tatu za Kilwa

4.1 Barros: nguo kama bei

Wareno waliingia Kilwa kwa nguvu mwaka 1505 chini ya Francisco de Almeida, wakamwondoa mtawala waliyemkuta na kumweka mwingine. Kitendo hicho kilizua haja ya kujua nasaba: nani alikuwa mrithi halali na nani alikuwa mnyang'anyi? Barros aliandika kwa kutegemea kumbukumbu ya wafalme wa Kilwa iliyofika Ureno. Katika maelezo yake, mwasisi ni Ali, mwana wa sultani wa Shiraz na mama mtumwa wa Kihabeshi, anayeondoka kwa sababu ndugu zake wanamdharau kwa asili ya mama yake. Anafika Kilwa, anakipenda kisiwa, na kukinunua kwa nguo.

Hapa nguo hazina maajabu. Ni bidhaa, kama zilivyokuwa bidhaa katika biashara yote ya Bahari ya Hindi. Barros anaandika kwa wasomaji wa dola inayofanya biashara na ushindi, na kwao ununuzi ni jambo la kawaida. Simulizi imesimama kama utangulizi wa orodha ya watawala, na dhamana yake ni orodha hiyo.

4.2 Kitab al-Sulwa: nguo kama duara

Matini ya Kiarabu, ambayo S. Arthur Strong aliichapisha mwaka 1895, inaanza mbali zaidi. Sultani wa Shiraz anaota ndoto: panya mwenye mdomo wa chuma anatoboa ukuta wa mji. Anaifasiri kuwa dalili ya maangamizi, naye na wanawe wanaondoka kwa majahazi saba. Kila jahazi linatia nanga mahali pake, na la sita linafika Kilwa. Kisiwa kina mwenyewe, mtu asiye Mwislamu, naye anakubali kukitoa kwa nguo za kutosha kukizunguka. Anapoondoka anakusudia kurudi kwa vita maji yakipwa, lakini mkondo kati ya kisiwa na bara unachimbwa, na anapofika anakuta maji hayapungui.

Alama za ngano zimejaa hapa: ndoto, idadi ya saba, nguo inayozunguka nchi. Hata hivyo, mwandishi haombi ruhusa ya uongo. Anaandika kwa Kiarabu, lugha ya elimu na sheria, na anaendelea moja kwa moja hadi kwenye orodha ya masultani na magomvi ya kurithiana. Mji aliouandikia ulikuwa umegawanyika kati ya jamaa ya kifalme na maamiri waliotwaa madaraka. Katika mji wa namna hiyo, swali la nani alikipata kisiwa kwa njia ya halali lilikuwa swali la serikali. Ununuzi ni mkataba, na katika sheria mkataba una nguvu kuliko ushindi. Kwa hiyo duara la nguo linafanya kazi ya hati: linatangaza kwamba mwenye mali alilipwa, akaridhika, na aliporudi kwa vita ndiye aliyevunja ahadi.

4.3 Masimulizi ya Velten: nguo kama mahari

Matini ya Kiswahili iliyochapishwa na Velten ilikusanywa wakati wa utawala wa Wajerumani, baada ya usultani wa Kilwa kutoweka. Hakukuwa tena na kiti cha kugombaniwa. Katika matini hii mwenyeji ana jina, Mrimba, na ana watu wake. Kabla yake wanatajwa wakaaji wengine waliomtangulia kisiwani. Mgeni, Ali bin Selimani Mshirazi, anakuja na bidhaa, anatoa zawadi, na anamwoa binti wa Mrimba. Baada ya ndoa ndipo anapoomba apewe kisiwa, na nguo zinatandikwa ili mzee aondoke. Mrimba anapotaka kurudi kwa vita, kinachozuia maji yasipwe ni kisomo cha Kurani. Mtoto wa ndoa ile anakuja kutawala.

Kwa kigezo cha matukio, matini hii inakaribia ngano kuliko zote tatu. Haina tarehe, maji yanatii kisomo, na sauti yake ni ya msimulizi wa mdomo. Lakini imehifadhi kitu kilichoachwa na matini mbili zilizoitangulia: ukoo wa mwenyeji na ndoa. Ndani yake mtawala wa pili ni mjukuu wa Mrimba. Kisiwa hakikuhama tu kutoka kwa mwenyeji kwenda kwa mgeni. Kilirudi kwa damu ya mwenyeji kupitia kwa binti yake. Nguo zilizokuwa bei kwa Barros na hati katika Kitab al-Sulwa zinafanana hapa na mahari. Wadhamini wa simulizi hii ni wazee wa nchi, na hadhira yao ni watu wanaotaka kujua kwa nini wao ni ndugu.

5.0 Ushahidi wa Nje ya Masimulizi

Matini hizo zikilinganishwa na ushahidi mwingine, matokeo yanawapa changamoto wanaopima ukweli wa simulizi kwa kuangalia kama ina maajabu.

Neville Chittick alichimba Kilwa kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1950 na kuchapisha matokeo yake mwaka 1974. Alikuta kwamba watu waliishi kisiwani kwa karne kadhaa kabla ya majengo makubwa ya mawe, katika nyumba za miti na udongo, wakifua chuma na kutumia vyungu vya kienyeji. Alikuta pia sarafu za shaba zenye jina la Ali bin al-Hasan, na akakadiria kwamba utawala wa ukoo wake ulianza mwishoni mwa karne ya 12. Mwaka 1984, hazina ya sarafu zaidi ya 2,000, nyingi zikiwa za fedha, iligunduliwa Mtambwe Mkuu, Pemba. Dinari za Kifatimi zilizokuwa miongoni mwake ziliwafanya watafiti kusogeza nyuma wakati wa Ali bin al-Hasan hadi karne ya 11. Basi mtawala wa jina hilo alikuwapo, na wenyeji walikuwapo kabla yake.

Mwaka 2023 yalichapishwa matokeo ya uchunguzi wa vinasaba vya mabaki ya watu wa kale waliozikwa katika miji kadhaa ya pwani ya Kenya na Tanzania. Ilibainika kwamba asili ya upande wa kike ilikuwa ya Kiafrika kwa sehemu kubwa mno, ilhali upande wa kiume ulikuwa na mchango mkubwa kutoka Uajemi, na kwamba uchanganyiko huo ulianza karibu na mwaka 1000. Matokeo hayo hayathibitishi kwamba aliishi binti aliyeitwa mwana wa Mrimba, wala hayawahusu Waswahili wote, kwa kuwa wengi wa waliochunguzwa walizikwa katika makaburi ya watu wenye hadhi. Yanachoonyesha ni kwamba uhusiano ambao wazee waliusimulia kwa sura ya ndoa ulikuwapo katika historia ya pwani. Matini isiyo na tarehe, ambayo bahari yake hutii kisomo, ndiyo iliyoutunza uhusiano huo waziwazi kuliko zile mbili zilizopangwa kwa orodha ya wafalme.

6.0 Makosa Mawili ya Usomaji

Historia ya utafiti wa Kilwa imepitia makosa mawili yanayopingana. Kosa la kwanza lilikuwa kuisoma simulizi nzima kama mapisi. Waandishi wengi wa kipindi cha ukoloni walizichukua safari za Washirazi kwa maana yake ya juujuu, wakahitimisha kwamba miji ya pwani ilijengwa na wageni, na kwamba wenyeji walikuwa watazamaji tu. Mrimba, aliyepewa jina na ukoo katika Kiswahili, akatoweka katika vitabu.

Kosa la pili lilikuja kama jibu la lile la kwanza. Baada ya kuthibitika kwamba Kiswahili ni lugha ya Kibantu na kwamba miji ilikua kutoka vijiji vya wenyeji, ilikuwa rahisi kuyatupa masimulizi ya Shiraz yote kwenye kapu la ngano. Derek Nurse na Thomas Spear, katika kitabu chao cha mwaka 1985, walitoa njia ya wastani zaidi: waliyatazama masimulizi hayo kama lugha ambayo kwayo watu wa pwani walieleza kuhama kutoka kaskazini na mabadiliko ya jamii zao. Hata hivyo, matokeo ya mwaka 2023 yanaonyesha kwamba ndani ya lugha hiyo kulikuwa pia na wageni wa kweli.

Matumizi ya kijamii nayo yanapinga wazo kwamba masimulizi hayo yalikuwa burudani. Mwaka 1957 Wazanzibari waliunda chama cha siasa kilichoitwa Afro-Shirazi Party, kutokana na kuungana kwa jumuiya ya Waafrika na jumuiya ya Washirazi. Hakuna anayeunda chama kwa jina la sungura wa ngano. Jina Shirazi lilikuwa dai la nasaba na la haki katika nchi, na lilidhaminiwa na watu waliokuwa tayari kulipigia kura.

7.0 Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba tukio la nguo za Kilwa limekuwa bei, hati na mahari katika matini tatu, na kwamba kila badiliko lilifuatana na badiliko la mdhamini, hadhira na kazi ya simulizi. Mgawanyo wa ngano, kisakale na tarihi unabaki kuwa wa lazima, lakini uwe jibu la swali la nani alisimulia, kwa nani na kwa jambo gani, kabla ya kuwa jibu la swali la kama kuna panya mwenye mdomo wa chuma.

Kwa mtafiti wa historia ya pwani, hili lina matokeo ya kivitendo. Simulizi yenye maajabu haipaswi kuwekwa kando kabla ya kuuliza maajabu hayo yanalinda dai gani, wala orodha yenye tarehe haipaswi kuaminiwa kabla ya kuuliza imemwacha nani nje. Katika Kilwa, aliyeachwa nje ya maandishi ya wasomi ni mwanamke mmoja aliyeolewa na mgeni, ambaye hata masimulizi ya wazee yanamtaja kwa baba yake na kwa mume wake tu. Wazee hao walimhifadhi bila tarehe, na kupitia kwake wakahifadhi hoja kwamba watawala wa Kilwa walikuwa pia wajukuu wa wenye nchi.